Jibini ya Masisi: Biashara Iliyoanzishwa na Wageni, Ikarithiwa na Wakamuaji

*Mhadhara wa hadhara uliotolewa Nairobi, unachapishwa kama ulivyotamkwa, kwa marekebisho machache*

  

Niliombwa nizungumze juu ya mikahawa iliyoanzishwa na wahamiaji katika miji mikubwa. Mada ni nzuri, na anayetaka ushahidi hana haja ya kwenda mbali. Apite Eastleigh saa saba mchana, aone sinia za wali na nyama ya mbuzi zinavyotoka jikoni kwa Wasomali. Lakini historia za mikahawa karibu zote huingilia mlango wa mbele: nani alikodi chumba, bango lilisomekaje, mteja wa kwanza alikuwa nani. Mimi nitaingilia mlango wa nyuma, ule unaopokea mizigo alfajiri. Mzigo ninaoutaka ni mmoja: jibini inayotoka milima ya Masisi, katika jimbo la Kivu ya Kaskazini, ikaliwa Goma na Kinshasa.

Kusudi langu nalisema waziwazi ili mnikamate nikipotoka. Jibini hiyo ilianzishwa na watu wa kuja, tena wa namna kadhaa. Imeishi hadi leo kwa sababu ufundi wake uliwatoka waanzilishi ukaingia mikononi mwa vibarua na wakamuaji. Na imeumia kila kizazi kwa sababu ardhi, pamoja na karatasi za uraia, hazikufuata njia hiyo.

Kwa wasiofika huko, ramani fupi. Ukitoka Goma unafuata ziwa hadi Sake, kisha barabara inapanda mlima kuelekea Mushaki. Ukifika juu unakuta baridi, ukungu, mikalitusi, na vilima vya majani vilivyokatwakatwa kwa nyua za miti. Wazungu walipaita Uswisi ya Afrika, na wengine mpaka leo wanaona fahari kulirudia jina hilo. Mimi silipendi, maana linawafanya wenyeji waonekane kama wamepanga ndani ya picha ya mtu mwingine. Barabara ileile ikiendelea magharibi inashuka. Majani yanakwisha, msitu unaanza, joto linapanda, ng'ombe hawaonekani tena. Huko ni Walikale. Masisi na Walikale ni majirani wa mpaka mmoja, lakini sufuria zao hazifanani hata kidogo: juu ni viazi, maharage na maziwa, chini ni muhogo, ndizi, mawese na samaki wa mtoni.

Hoja ya kwanza: mgeni hakuwa mmoja

Ukimwuliza mtu wa Masisi nani alileta jibini, mara nyingi atakutajia mzungu, ama padri, ama mtawa, ama Mbelgiji mwenye shamba. Jibu hilo si la uongo, ila limekatwa nusu. Mzungu angeleta ufundi mtupu; jibini haitengenezwi kwa ufundi mtupu. Inataka ng'ombe, inataka mikono, inataka malisho.

Malisho kwanza. Vilima vile vilikuwa nchi ya Wahunde, chini ya mamwami wao, yaani machifu, watu wa kilimo, mbuzi na uwindaji. Mwaka 1928 serikali ya Ubelgiji iliunda Comité National du Kivu, ikaipa mamlaka juu ya ardhi kubwa ili iwagawie walowezi. Walowezi wakaja na kahawa, chai, pareto, na kwenye miinuko ya juu wakaweka ng'ombe wa maziwa wa Ulaya. Msitu ulikatwa. Majani mnayoyaona leo yakidhaniwa kuwa ya tangu na tangu, mengi yana umri usiofika miaka mia.

Mikono nayo ilitafutwa ng'ambo ya mpaka. Rwanda ilikuwa imetoka kwenye njaa kubwa ya 1928 na 1929, na watu walikuwa wengi juu ya ardhi ndogo. Mwaka 1937 Wabelgiji walianzisha idara waliyoiita Mission d'Immigration des Banyarwanda. Kufikia 1955 idara hiyo ilikuwa imehamishia Kivu watu wapatao 85,000, Wahutu na Watutsi, wengi wao wakipelekwa Masisi. Waliwekwa Gishari, wakapewa hata utawala wao wa kichifu, ambao Wabelgiji walewale waliufuta mwaka 1957. Sikilizeni hapo: aliyepewa uchifu na aliyenyang'anywa uchifu hawakuulizwa, na mwami wa Wahunde aliyepunguziwa nchi hakuulizwa kwa maana ambayo ninyi na mimi tungekubali kuiita kuulizwa.

Kundi la tatu ni watawa. Mwaka 1954 watawa wa Trapisti kutoka abasia ya Scourmont, karibu na Chimay nchini Ubelgiji, walianzisha monasteri ya Mokoto, jirani na yale maziwa madogo ya Mokoto, si mbali na Kitshanga. Trapisti hujilisha kwa kazi ya mikono yake, ndivyo kanuni inavyomtaka. Scourmont yenyewe ilikuwa ikitengeneza jibini tangu 1876. Na Scourmont nayo ilianzishwa na wageni: mwaka 1850 watawa kutoka Westvleteren walipewa ardhi isiyolimika na mwana mfalme wa Chimay, wakaihangaikia mpaka ikakubali majani. Kwa hiyo aliyekuja Mokoto alikuwa mwanafunzi wa wahamiaji waliomtangulia kwao, na nyumba yake ilijua vizuri maana ya kuishi kwa ng'ombe juu ya ardhi ya kupewa.

Kundi la nne lilikuja likikimbia. Kuanzia 1959 Watutsi waliotoroka machafuko ya Rwanda walivuka, na kambi zikafunguliwa Bibwe huko Masisi na Ihula huko Walikale. Wengi walikuwa watu waliozaliwa mikononi mwa wachungaji. Wakaingia kwenye mashamba ya ng'ombe kama wachungaji, baadaye wengine kama wenye mifugo.

Wanafunzi wangu hupenda kuniuliza: sasa, mwalimu, mwanzilishi ni yupi? Mwenye majani, mwenye ng'ombe, mwenye dawa ya kugandisha maziwa, au aliyeamka saa kumi alfajiri kukamua? Mimi nasema mkihitaji jina moja la kuandika ukutani, mmeshaanza kuipoteza historia yenyewe.

Hoja ya pili: ni barabara iliyofanya maziwa yawe jibini

Kwa nini jibini, na si maziwa? Kivu watu wanapenda maziwa, na mashanza, yaani maziwa ya mgando, yanauzika tangu zamani. Jibu liko njiani. Kutoka Masisi hadi Goma ni kama kilomita 80, na msimu wa mvua kilomita hizo zinaweza kula siku nzima, lori likizama hapa, daraja limekwenda pale, kizuizi cha wenye bunduki mbele. Maziwa hayana subira hiyo. Jibini inayo. Ikishakauka itakaa juu ya mbao wiki kadhaa, ikabebwa kwa pikipiki, ikapakiwa kwenye lori chini ya viazi, na ikifika bado ni chakula.

Tena inapunguza mzigo. Lita 10 za maziwa, kwa makadirio ya kawaida, hutoa kilo moja ya jibini. Aliyekuwa abebe mabidoni manne ya lita 20 anabeba kilo 8 begani.

Niwaingize ndani ya kiwanda, na neno kiwanda lisiwatishe. Ni nyumba ya mbao yenye sakafu ya saruji ikiwa mwenyewe amefanikiwa. Asubuhi mabidoni yanafika, mengine kichwani, mengine yamefungwa kwa kamba za mpira nyuma ya pikipiki. Fundi ananusa kila bidoni kabla ya kumimina. Pua ndiyo maabara. Maziwa yanachujwa kwa kitambaa, yanaingia sufuria kubwa juu ya kuni, yanapashwa mpaka yafikie joto la mwili. Fundi anatumbukiza kidole, wala si kipimajoto, na akikosea kidogo siku nzima imekwenda. Kisha anatia dawa ya kugandisha, ambayo asili yake ni tumbo la ndama anyonyaye, anafunika, anangoja. Baadaye anapitisha kisu: mkato ukiwa safi, umekuwa tayari, ukirarukararuka, bado. Anaukata mgando vipande vidogo, anakoroga polepole, maji ya maziwa yanajitenga ya kijani-njano, na hayo hupewa nguruwe. Mgando unajazwa kwenye vikombe vya mviringo, unakandamizwa kwa mawe. Kutoka hapo ni maji ya chumvi, kisha rafu za mbao gizani. Kila siku kila kipande kigeuzwe na kufutwa, la sivyo upande mmoja unaoza. Ngozi ya nje inageuka manjano, ndani panabaki peupe, laini, na ladha isiyo kali. Jamaa wa jibini ya Gouda, mtu anaweza kusema.

Hakuna friji kwenye maelezo hayo, wala umeme. Baridi ya mlima ndiyo friji. Ndiyo sababu kazi hii haikushuka kwenda Walikale, na ndiyo sababu haikuwahi kuhamia mjini pamoja na wateja wake. Mkahawa unaweza kufungwa mtaa huu ukafunguliwa mtaa wa pili. Rafu ya jibini imefungwa kwenye mwinuko wake.

Hoja ya tatu: ufundi ulitoka, ardhi ikabaki juu

Hapa ndipo penye uzito, na nitakaa kidogo.

Tarehe 30 Novemba 1973 Rais Mobutu alitangaza kwamba biashara na mashamba ya wageni yachukuliwe na Wazaire. Mwaka uleule, mwezi Julai, sheria mpya ilikuwa imeifanya ardhi yote kuwa mali ya serikali. Mlowezi aliondoka. Mwenye kupokea shamba lake hakuwa mkamuaji. Alikuwa mtu mwenye simu ya Kinshasa. Mkurugenzi wa ofisi ya Mobutu, Barthélemy Bisengimana, alikuwa mmoja wa waliopata mashamba makubwa kabisa Masisi. Ardhi ikaenda kwa watu wachache, Wanyarwanda na wasio Wanyarwanda, huku mkulima wa Kihunde na mkulima wa Kihutu wakijikuta nje ya uzio uleule.

Lakini ufundi? Huo serikali haikuweza kuutaifisha, kwa sababu haukuandikwa popote. Ulikuwa umekaa kwenye kidole kinachopima joto. Kijana aliyekuwa akiosha sufuria kwa mzungu alijua muda wa kungoja. Bwana alipoondoka, kijana akabaki anajua. Alipogombana na mwenye shamba mpya, akaenda kilima cha pili, akanunua maziwa kwa majirani wenye ng'ombe wawili watatu, akaanza yake. Ndivyo vyumba vya jibini vilivyotawanyika vilima vya Masisi, vingi vikiwa vya mtu na mke wake na watoto. Padri mmoja alifundisha vibarua, vibarua wakafundisha shemeji zao. Leo fundi wa jibini anaweza kuwa Mhunde, Mhutu, Mtutsi, na mkononi hutaona tofauti.

Karatasi zilikwenda kinyume. Sheria ya Januari 1972 iliwapa uraia watu wenye asili ya Rwanda na Burundi walioingia Kivu kabla ya 1950. Sheria ya Juni 1981 ikawanyang'anya. Sheria ya Novemba 2004 ikafungua tena mlango kwa makabila yaliyokuwemo nchini wakati wa uhuru. Mtu aliyezaliwa Masisi mwaka 1950 anaweza kuwa amekuwa raia, akaacha kuwa raia, akawa raia tena, na ng'ombe wake wakati wote huo analala zizi lilelile.

Mnajua mambo haya yalitoa nini. Machi 1993, sokoni Ntoto, Walikale, watu waliokwenda kuuza na kununua waliuawa, na moto ule ukapanda mlima hadi Masisi. Mwezi Julai 1994 ukafika umati wa wakimbizi kutoka Rwanda, karibu watu milioni moja kwa siku chache, wakajaa kambi za Mugunga, Kibumba, Katale.

Hapo naomba mnisikilize vizuri, maana ndipo mada niliyopewa inaporudi kwa sura ya kutisha. Kambi zile zilikuwa miji, na miji haikosi mikahawa. Uchunguzi wa shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa katika kambi za Goma ulihesabu baa 2,324, mikahawa 450 na mabucha 25. Mikahawa ya wahamiaji, mabibi na mabwana, katika mji mkubwa kabisa. Sasa ingieni mlango wa nyuma: nyama ilitoka wapi? Ng'ombe wa Masisi waliporwa kwa makundi, wakateremshwa, wakachinjwa; bei ya nyama Goma ikashuka, na mama wa nyumbani aliyefurahia bei hiyo hakuwa na kosa. Ng'ombe wa maziwa akiliwa, chumba cha jibini juu mlimani kinazimika moto.

Mwezi Mei 1996 zamu ilifika Mokoto. Watu waliokimbilia monasteri, wengi wao Watutsi, walishambuliwa ndani ya nyumba ya watawa, wengi wakauawa. Watawa wakaondolewa. Mifugo ikaporwa. Sina maneno ya kuongeza hapo, na sitayatafuta.

Ninachotaka mwondoke nacho ni jambo dogo la kihistoria. Baada ya yote hayo, jibini ilirudi. Ilirudi kabla barabara haijatengenezwa, kabla ng'ombe hawajafikia hesabu ya zamani, kabla ya msaada wowote wa maana. Haikurudishwa na warithi wa waanzilishi. Ilirudishwa na waosha sufuria.

Hoja ya nne: Walikale, au mlo unaoruka

Huenda mtu akajiuliza Walikale inaingiaje kwenye habari za jibini. Inaingia kama kioo cha upande wa pili.

Kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 2000 mlima wa Bisie, katikati ya msitu, ulivuta maelfu ya wachimbaji wa kasiterite, madini yanayotoa bati. Kufika huko ilikuwa ni kutembea kutoka Njingala, mwendo mrefu wa matope, mzigo mgongoni. Ndege ndogo kutoka Goma zilikuwa zikitua Kilambo, juu ya kipande cha barabara ya lami kilichogeuzwa uwanja. Walinzi wanasimamisha magari, ndege inashuka, inashusha bia, mchele, sukari, maharage, inapakia magunia ya madini, inaondoka. Kila kilo iliyokwenda Bisie ilikuwa imelipiwa ndege, kisha mgongo wa mtu, kisha ushuru wa mwenye bunduki, na bei ya soda ilisimulia safari yote hiyo. Mama waliopika pale, wengi walitoka mbali, Goma, Bukavu, Butembo. Nao ni waanzilishi wa mikahawa, ingawa mkahawa wao ulikuwa turubai juu ya miti minne.

Lakini angalieni tofauti. Masisi wageni walipanda kitu kinachobaki mahali pake. Bisie waliuza chakula mahali pasipozalisha chakula, na siku madini yalipobadilisha mikono, mkahawa uliondoka na mteja wake. Kampuni ya Alphamin ilipofungua mgodi wa kisasa na barabara, mji wa turubai ulikuwa hauna tena sababu ya kuwepo. Hakuna kijana wa Walikale aliyerithi ufundi pale, isipokuwa ufundi wa kubeba. Nalisema hili kwa uchungu, maana msitu ule una mawese, una mchele wa mlimani, una samaki, na bado watu wake wakala maharage yaliyopanda ndege.

Hoja ya tano: mji nao ni wa wageni

Nitakuwa mfupi, maana naona mwenyekiti anatazama saa.

Goma haikuwa mji mkubwa jibini ilipoanza. Imekuzwa na vita, na biashara, na mashirika ya misaada yaliyofika 1994 yakabaki. Watu hao walitaka omleti yenye jibini asubuhi na kitu cha kutafuna kando ya ziwa jioni, na mahoteli yakawapa. Kisha wenyeji nao wakaizoea. Asubuhi sokoni utaona vipande vya mviringo vimepangwa mbele ya mama muuzaji, na mwenye chukudu, ile baiskeli ya mbao isiyo na pedali, anapita na gunia la viazi pembeni. Wasafiri wa ndege kwenda Kinshasa hawakuwahi kwenda mikono mitupu; ndugu wa Kinshasa akisikia unakuja, alikuwa akiagiza jibini kabla ya kuuliza habari za nyumbani. Kule wanaiita ya Goma, na Masisi imezoea kutotajwa.

Na kama kuna mtu hapa anasema moyoni kwamba jibini ni chakula cha kizungu, kwa hiyo si chetu, namwuliza: sambaza je? Wale samaki wadogo wa Ziwa Kivu tunaowala kwa bugali na kuwaita wa kwetu, waliletwa kutoka Ziwa Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950. Viazi navyo vilivuka bahari. Tukianza kuwarudisha kwao, jioni tutalala njaa. (*Kicheko ukumbini.*)

Ninyi wa Kenya mna kipimo cha kutulinganisha. Walowezi waliunda Kenya Cooperative Creameries mwaka 1925, biashara ya wageni kama ile ya Masisi, na kwa miaka mingi Mwafrika hakuwa na nafasi ndani yake. Lakini kuanzia Mpango wa Swynnerton wa 1954, na baada ya uhuru, mkulima mdogo alianza kupata ng'ombe wa maziwa, hati ya shamba na mahali pa kupeleka maziwa. Haikuwa haki tupu. Mnajua wenyewe kelele za ardhi za Bonde la Ufa. Hata hivyo hapa vitu vitatu, yaani ufundi, soko na kipande cha ardhi, vilimfikia mtu mmoja kwa kiasi fulani. Masisi vilimfikia kimoja tu.

Ya mbele

Tunazungumza wakati mgumu. Mwaka 2024 vita vilifika Sake, barabara ya kuteremshia jibini ikakatika. Mwishoni mwa Januari 2025 Goma ilitekwa na waasi wa M23, uwanja wake wa ndege ukafungwa, na njia ya Kinshasa ikafa. Machi mwaka huohuo vita viligusa hata mji wa Walikale. Mafundi wengi wa jibini wamelala kwenye mahema au wamevuka mipaka. Sina shaka mmoja au wawili wako humu ukumbini, na wanajua kwamba nimerahisisha kazi yao.

Kwa hiyo nina mapendekezo, si maombolezo.

La kwanza ni la afya, na wenye vyumba vya jibini hawatalipenda. Jibini nyingi ya Masisi hutengenezwa kwa maziwa mabichi, na maziwa mabichi yanaweza kubeba ugonjwa wa ng'ombe kutupa mimba, unaompata na binadamu kama homa isiyokwisha. Kuchemsha kwa kiasi na kupoza si teknolojia ya ajabu. Inataka kuni zaidi, kipimajoto, na bei inayolipia kuni hizo. Bila hivyo jibini hiyo haitavuka mpaka kihalali, hata kama Nairobi yote inaitamani. Kidole cha fundi nakiheshimu sana, ila hakiwezi kuona kijidudu.

La pili, ushirika wa wafugaji upo Kivu ya Kaskazini. ACOGENOKI imekuwepo kwa miaka mingi. Lakini mwenye ng'ombe na mwenye sufuria si lazima wawe mtu mmoja, na fundi asiye na ng'ombe hana meza ya kukaa. Apewe. Na jina la Masisi liandikwe juu ya jibini yenyewe, kwa alama inayolindwa kisheria, kama walivyofanya wenzetu wa Ethiopia kwa kahawa zao.

La tatu ni ardhi, na hapo sitajifanya fundi wa sheria. Nasema tu kwamba mikataba ya amani inayosainiwa mijini inahesabu askari na madini. Sijaona inayohesabu malisho. Mkulima wa Kihunde aliyefukuzwa na uzio, na mfugaji aliyefukuzwa na panga, wote wawili wana dai juu ya kilima kimoja. Mwenye kulitatua hilo kilima kimoja baada ya kingine, akiwa na wazee, vipimo na kumbukumbu za hati za 1973, atakuwa ameifanyia jibini kazi kubwa kuliko mashine yoyote ya kukandamizia.

Na la mwisho nawapa ninyi wanafunzi, maana ni kazi ya kufanywa mwezi huu. Hakuna daftari la mafundi hawa. Walio hai wametawanyika Goma, Kampala, Nakivale, na mitaa ya hapa Nairobi. Chukueni simu zenu, zina kinasa sauti. Mwulizeni mzee: ulijifunza kwa nani, kilima gani, dawa ya kugandisha ulipata wapi ilipokosekana ya dukani, ulikandamiza kwa mawe au kwa mbao, ulimfundisha nani, huyo uliyemfundisha yuko wapi. Andikeni na jina la kilima kama wenyewe wanavyolitamka. Mwalimu wenu wa historia amekubali kuzipokea rekodi hizo, na yule mama aliyekaa mstari wa tatu, kutoka Mweso, ameniambia kabla hatujaanza kwamba yuko tayari kuhojiwa wa kwanza, mradi mje kabla ya saa nne, kwa sababu baada ya hapo anakwenda sokoni.

Mwenyekiti, nimemaliza. Maswali.